Rangi ya Nyoka wa Tofali

Kijiwe cha nyuma ya duka la misumari hakina mwenyekiti, kwa hiyo kila mtu pale ni mwenyekiti. Asubuhi hiyo Tofali, fundi mwashi, alifika jasho likimtiririka, mkono wa kushoto kaukumbatia. Alikuwa akihamisha matofali kwa mikono mitupu, nyoka akamuuma kidoleni na kupotelea majanini. Aliona haya kukimbilia hospitali kwa vitundu viwili, akaja kwanza kuwauliza wenzake. Masikini, hapo ndipo alipokosea.

— Alikuwa rangi gani? akauliza Redio, ambaye hanyamazi hata akitafuna.

— Kijivu hivi.

— Aa, kijivu hana sumu!

Dokta, aliyepewa jina hilo kwa kufagia wodi miezi miwili, akaruka.

— Nani kakudanganya? Kijivu ndiye mwenyewe! Leteni wembe tumchanje.

— Wembe? Unataka kummaliza? akadakia Redio. Mfungeni kamba begani, sumu ikifika hapo inageuza.

— Inageuza iende wapi?

— Inamrudia nyoka. Anakufa yeye!

Muuza kahawa akamjazia Tofali kikombe, eti uchungu na sumu havikai tumbo moja. Tofali hakukigusa. Kiganja kilikuwa kimevimba, pete ya ndoa imezama nyamani.

— Jamani, pete inanibana.

— Tulia wewe! Tukijua nyoka gani, tutajua dawa gani, alisema Redio. Twendeni tukamtie kwenye ndoo.

— Haya, tangulia, akasema Dokta.

— Mimi? Mimi goti hili, wee!

Wakaanza kubishana nani ana goti zima. Tofali aliwasikia kwa mbali. Kope zilikuwa nzito. Aliogopa, aliogopa hasa; mkewe alikuwa na mimba ya miezi minane na alimuaga kwa haraka tu, bila hata kumtazama vizuri.

Dereva wa pikipiki akasimama kutaka kahawa. Akamtazama Tofali, akautazama mkono.

— Kaumwa na nyoka huyu?

— Ndiyo, akasema Redio. Tunalijadili.

— Tangu saa ngapi?

— Tangu... ee, tangu kitambo.

— Sasa mbona bado yupo hapa?

Redio akainama kulikanda goti lake.

— Usinyanyuke, kaka, dereva akamwambia Tofali. Mkono usiutikise. Nyie, mbebeni! Mmoja apande nyuma amshikilie.

Dokta akapanda. Wakamweka Tofali katikati, midomo ikiwa imeshakufa ganzi.

— Mwambieni mke wangu... alisema kwa shida.

Pikipiki ikaondoka kuelekea hospitali. Waliobaki wakatazamana, hakuna aliyejua aende kumwambia nini.