Ngoma Tuliyomchezea Gune

Sogeeni wanangu. Santina, kaa hapa kichwani pangu, na wewe Lodu usisimame mlangoni kama mgeni. Nasema kwa Kiswahili ili hata wajukuu waliozaliwa Uganda wasije wakasema babu alinong'ona nao hawakusikia.

Nyumba hii ya Kator ni ya mama yenu, na shamba la Gurei mgawane bila kupigana. Hayo ni mepesi. Kinachonikaba roho ni lile debe lililo chini ya kitanda, lenye filamu niliyopiga kambini Uganda kwa kamera niliyoachiwa na padri, siku tulipomchezea ndugu yangu Gune ngoma ya matanga, yeye na wenzake waliouawa nasi tukakimbia bila kuwazika. Desturi yetu mnaijua: maiti huliliwa kwanza, kisha siku ya kumaliza matanga huchezewa ngoma, na mtu hulia kwa miguu.

Amani ilipokuja tukarudi Juba, wakaja watu wa sinema kuniomba filamu ile waeleze historia ya vita. Nikawapa, maana nilitaka Gune ajulikane, na Lodu akawa mkalimani wao. Walipoionyesha uwanjani hapa, kumbe wamekata picha za wanawake walionyolewa kwa msiba, wamekata misalaba tuliyoichomeka mahali pasipo na makaburi, wakaacha miguu inayoruka tu, wakabandika tarumbeta na sauti ikisema: hawa ni wakimbizi wanaofurahia amani. Kufurahia! Teresina, mjane wa Gune, alijiona kwenye kile kitambaa cha sinema akiucheza msiba wake, na wakubwa wa viti vya mbele wakimpigia makofi. Akainuka akaondoka, na hadi leo hajakanyaga uani mwangu, akiamini ni mimi niliyewaambia vile. Mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi.

Lakini wao walikuwa wageni, hawakuijua ngoma. Wewe Lodu uliijua. Uliketi nao walipokuwa wakikata, ukanyamaza kwa kuwa walikuahidi kazi, na kazi yenyewe hukuipata. Kikulacho ki nguoni mwako, na mimi kimenila nikiwa hai.

Basi shikeni neno langu. Debe ni la Santina. Lisikae karibu na mabati yenye joto. Filamu ikianza kunuka siki, ifungueni ipumue kivulini, na ishikeni pembeni, si kwenye picha. Vipande walivyovikata walinirudishia pamoja na filamu, vimo humo humo, viungeni mahali pake. Atakayeitaka aketi kwanza na wazee, aambiwe nani amekufa na nani analia, ndipo apewe nakala, si yenyewe. Na kabla ya wote aonyeshwe Teresina, yote, bila tarumbeta, na Lodu amwambie kwa kinywa chake ni nani aliyenyamaza.

Maji... basi, yatosha. Santina, Mungu akupe watoto wanaosikia. Wajukuu wangu, mkue katika nchi yenu, msikimbizwe tena.

Lodu... Hasira yangu haijaisha, sikudanganyi. Lakini baba hafi akamwacha mwanawe bila baraka. Sogea. Mkono huu umenishinda... unyanyue wewe, uuweke kichwani pako.