Filamu Bila Sauti Kabla ya Posa

Kijiwe chetu karibu na soko la mifugo la Garissa kina benchi moja na majaji wengi, nami ni mmoja wao, tena mkali. Jumamosi hiyo Mursal alituletea kwenye simu filamu ya mapenzi ya Kijerumani, ya zamani, isiyo na rangi wala sauti. Bwana mwenye kofia ndefu anaenda kuposa msichana kwenye jumba la mawe. Baba mtu anatingisha kichwa, bwana anatoweka, msichana anabaki dirishani. Mursal alikuwa roho juu. Alasiri hiyo wazee wake walikuwa wanakwenda kumposea binti aitwaye Sadiyo, na alitaka kulijua kosa la yule bwana asilirudie.

Wa kwanza kuhukumu alikuwa Dullo, tunayemwita Hakimu kwa sababu aliwahi kufagia mahakamani.

– Hii ni rahisi. Mzee amemwambia ataje mababu zake. Angalia mdomo. Mmoja, wawili, watatu... hapo kwa wa sita amekwama. Mtu hajui babu wa sita, anaposa nini?

– Hawa ni Wajerumani, nikamwambia.

– Kwani Wajerumani hawana babu?

Sugow, Daktari wa mbuzi, alikataa kabisa. Kwake bwana amejificha ndani ya saa kubwa ya ukutani, ndiyo maana mishale haisogei. Tukairudisha filamu nyuma, na wallahi saa ilikuwa imesimama. Tulicheka mpaka kahawa ikamwagika. Nami sikukubali kupitwa, nikaapa kwamba bwana na baba mkwe ni mtu mmoja, masharubu tu yamebadilishwa. Mursal hakucheka. Alikuwa anahesabu mababu zake kwa vidole.

– Wa sita ninaye, akasema. Hata wa kumi na mbili.

Hapo akafika Arbia, muuza maziwa ya ngamia, tunayemwita eeddo, yaani shangazi, akatua mtungi na kuchungulia simu.

– Huyu msichana anasema nini?

– Haisikiki, eeddo. Filamu haina sauti.

– Ya bwana pia haisikiki, na mmejua mpaka babu zake. Msichana mwenyewe anataka kuolewa?

Hakimu akatazama kikombe. Daktari akatazama soko. Arbia akamgeukia Mursal.

– Na wewe, Sadiyo umemuuliza?

Mursal aliichukua simu mikononi mwetu filamu ikiwa katikati, akapiga, nasi tukasogeza masikio bila haya.

– Sadiyo, nina swali.

– Uliza basi. Wiki tatu nakungoja.