Soli Mpya za Muuguzi

Siku ya Wapendanao, fundi cherehani alikuwa basini, katega sikio nyuma ya wanaume wawili. Kijana alikumbatia maua makubwa kuliko kifua chake; mzee alipakata viatu vyeupe vya kike vilivyochakaa.

"Baba, leo ndiyo unampelekea mama hivyo?"

"Vina soli mpya. Mke wangu muuguzi, anasimama kutwa. Mwaka wa kwanza nilimpa maua. Alishukuru sana, kisha akaomba beseni la maji aloweke miguu. Tangu hapo, kila mwaka siku kama hii navipeleka viatu vyake kwa fundi viatu."

Huyu ndiye mume, fundi cherehani aliwaza, akasahau kushuka kituoni kwake.

Kijana akatoa simu. "Ngoja nimuulize wangu anavaa viatu namba ngapi."

"Usimuulize, mwanangu," mzee akasema basi likisimama. "Mtazame anapovivua."