Milango Kumi na Miwili

Asubuhi hiyo, benchi la kijiweni nje ya kibanda cha Kinyozi lilikuwa limeegemezwa milango kumi na miwili ya makabati ya jikoni. Baba Pacha aliifungua yote kwa bisibisi yake, maana mkewe alikwenda kumuuguza dada yake, naye alimwahidi kwamba akirudi kesho atakuta jiko jipya. Alitaka ushauri mdogo tu: apake rangi kwa rola, au akodi mashine ya kupulizia? Kosa lake ni kwamba aliuliza watu wawili.

– Mashine, alisema Kinyozi akimimina kahawa. Rola inaacha vipele kama kidevu kilichonyolewa kwa wembe butu. Wahenga walisema, chururu si ndo ndo ndo.

– Mashine haichagui, alisema Profesa, ambaye cheo alipewa na miwani yake. Itapuliza mlango, sufuria na paka. Paka atatoka mweupe, jirani asimjue.

– Si atapendeza? alisema Kinyozi.

– Kwa hiyo rola? aliuliza Baba Pacha.

– Chovya chovya humaliza buyu la asali, alisema Kinyozi. Utachovya mpaka kopo likauke, na nusu ya milango bado.

– Muhimu mlango ulale, rangi isitiririke. Tazama.

Profesa akailaza minne. Kinyozi akaisimamisha, aonyeshe umbali wa kupulizia. Profesa akaigeuza tena. Mmoja ukawa meza ya kahawa.

– Mimi ningeitundika kwenye kamba kama nguo, nikapulizia kutoka juu ya paa, alisema Kinyozi.

– Ukianguka?

– Mtaka cha mvunguni sharti ainame.

Mjadala ulikuwa bado juu ya paa Mama Pacha alipotokea na begi lake, siku moja mapema.

– Hamjambo?

– Hatujambo, shemeji.

Aliinua kikombe kwenye mlango, akautambua.

– Baba Pacha, fundi wetu alikuwa na jicho la upogo. Hakuna milango miwili inayolingana. Sasa upi ni wa kabati lipi?

Baba Pacha alimtazama Profesa. Profesa alifuta miwani. Kinyozi aliinamisha birika.

– Kahawa imekwisha, alisema taratibu.

– Vizuri, mikono imepata nafasi, alisema Mama Pacha. Shemeji, beba mitano. Profesa, mitano. Twendeni tukaijaribu mmoja mmoja.

Baba Pacha alibeba miwili iliyobaki, na begi la mkewe. Njiani akanong'ona:

– Na rangi, mke wangu? Rola au mashine?

– Kwanza bisibisi.