Mto Usiovuma: Kumuaga Mzee Lusungu Mwambene

Tarehe 30 Juni mwaka huu Mzee Lusungu Mwambene anakabidhi funguo za chumba cha sauti, baada ya miaka ishirini na moja ya utumishi katika kampuni yetu ya michezo ya kompyuta na simu, hapa Mwenge. Alitukuta na kompyuta mbili na feni moja. Anatuacha na kompyuta za kutosha, ila feni ni ileile.

Kwa wageni watakaoshika ratiba hii ya sherehe bila kujua kazi yake, nieleze kidogo. Sauti ya mchezo haiendi kama ya redio, ikapiga mpaka mwisho. Inamfuata mchezaji. Akikanyaga mchanga isikike mchanga, akikimbia moyo udunde, adui akikaribia ngoma ianze chinichini. Yapo mafaili yanayoamua yote hayo, na sisi tunayaita maktaba. Maktaba yetu yote, kuanzia faili la kwanza, imetoka mikononi mwa Mzee Lusungu.

Alikuwa na sharti moja, nalo lilitutesa sana: sauti ichukuliwe palepale inapotokea. Za kununua mtandaoni hakutaka hata kuzisikia. Tulipotengeneza mchezo wa soko alikwenda Buguruni na kinasa sauti chake, akamfuata muuza kahawa nyumanyuma apate mlio wa vikombe. Yule bwana akadhani ni mgambo wa jiji, akatimua mbio na birika lake. Mlio wa mbio hizo bado tunao, na kila mchezaji akiiba embe ndio unaosikika.

Sharti hilo alilivunja mara moja tu.

Ilikuwa katika mchezo wetu unaojulikana kuliko yote, Kimbilia Juu, ambamo mchezaji anaitoa familia bondeni kabla mafuriko hayajafika. Mzee Lusungu alishuka kwenye mto wa bondeni kule Temeke siku ya mvua, akarudi amenuna. Alikuwa amepata vyura, chupa za plastiki na mtu anayekohoa. Mto wenyewe haukutoa sauti, maana unapita juu ya mchanga na takataka, hauna jiwe la kugombana nalo. Basi alipokwenda likizo kwao Rungwe akanasa mto wa milimani, unaovuma mpaka kifua kinatetemeka, akauingiza kwenye maktaba. Mvua kwanza, kisha vyura wananyamaza, kisha mto unaanza kuvuma kwa mbali. Ukiusikia, toka. Wachezaji waliupenda mno, na sisi tulikula pilau.

Demetria alikuwa mjaribu michezo wetu. Kazi yake ilikuwa kucheza kutwa nzima, atafute makosa kabla wateja hawajayaona. Kimbilia Juu aliucheza mpaka akawa anashinda bila kutazama kioo, kwa masikio tu, huku anakula mihogo na kututania sisi tunaozama. Alizaliwa Temeke, na alikuwa amepanga chumba bondeni, karibu na mto uleule usiovuma.

Masika ya miaka mitatu iliyopita maji yaliingia bondeni jioni moja na yakamchukua akiwa ndani. Tulimzika baada ya siku mbili. Msibani, dada yake, Kokuberwa, alitusimulia kwamba jioni ile alimpigia simu na kumsihi atoke.

"Akanijibu, 'Dada, bado. Mto haujaanza kuvuma, ukianza natoka.' Mie nikamwamini, maana mambo ya mafuriko ndiyo kazi yake."

Mzee Lusungu alikuwa ameshika kikombe cha chai. Alikiweka chini, akainuka, akaenda kusimama nje ya turubai peke yake. Nilimfuata. Akasema, "Nilimpa mto wa kwetu."

Kutoka makaburini hakwenda kwake, alikuja ofisini. Alifungua maktaba, akaufuta ule mvumo, akaacha faili lake tupu. Tangu siku hiyo maji ya Kimbilia Juu yanapanda kimya kimya. Usipochungulia mlangoni, umekwisha.

Wachezaji walikasirika. Waliandika kwamba tumewauzia mchezo bubu, wengine wakaufuta kabisa kwenye simu zao. Mkurugenzi wetu, Bi Raudha, alimwita akamwambia kwa upole, "Mzee wangu, mchezo ukinyamaza watu wanadhani simu imeharibika."

"Waache wadhani, mama," alijibu. "Watachungulia."

Bi Raudha si mtu mbaya, na mishahara yetu yote iko mabegani mwake. Alivumilia. Ila mwaka huu, tulipoanza kutengeneza toleo jipya litakalopelekwa shuleni, alisema wazi kikaoni kuwa mzee akishastaafu mvumo utarudi, maana nakala yake ilibaki kwenye kompyuta za akiba. Watoto wanataka msisimko, alisema. Mzee Lusungu alikuwepo, akainamisha kichwa. Nimefanya naye kazi miaka mingi, nikaona alivyoumia kwa jinsi alivyofumbata mikono. Alikuwa anaondoka, na mto wa kwao ulikuwa unarudishwa bondeni, safari hii kwa watoto wa shule.

Kamati ya sherehe ilipomuuliza anataka zawadi gani, kochi au friji, alisema hataki kitu, anaomba muda wa kunasa sauti moja ya mwisho.

Masika haya, siku wingu lilipofunga, alikwenda kwenye nyumba aliyokaa Demetria. Sasa ni gofu, hakuna anayekubali kupanga. Alifunga kinasa sauti chake juu ya ukuta wa chumba, sufuria kuukuu lililosahaulika mle akaliacha sakafuni, akapanda barabarani kusubiri na wenye nyumba za juu. Mvua ilinyesha, maji yakaja, yakapungua. Kesho yake akakifuata kinasa sauti chake.

Juma lililopita aliichomeka rekodi hiyo kwenye spika za kikaoni na kumwomba Bi Raudha asikilize. Tulikaa wote. Mvua juu ya bati. Redio ya jirani inasoma salamu. Mtu anamwita mwenzake aanue nguo. Redio tena. Kisha sufuria, limegonga ukuta polepole. Kimya kidogo, likagonga tena.

Bi Raudha alitazama saa, akauliza, "Mzee wangu, mto unaanza dakika ya ngapi?"

Mzee Lusungu akamwambia, "Umeshaingia, mama. Hilo sufuria linaelea."

Bi Raudha alivua miwani, akafuta macho kwa pindo la mtandio wake, kisha akatuagiza ule mvumo tuutoe hata kwenye kompyuta za akiba. Toleo la shuleni linatoka na rekodi ya gofu. Faili lake limepewa jina la Demetria, na Kokuberwa ameridhia.

Mzee Lusungu, tunakushukuru kwa masikio yako, kwa ukali wako, na kwa kutufukuza chumbani mwako kila tulipoingia na viatu. Tunajua huondoki na moyo mwepesi, na hatutakudanganya kwamba ukisharudi kwenu Rungwe utasahau. Unarudi kwenye mto unaovuma kabla haujafika mtu alipo. Tunakuombea uzee wa namna hiyo, ambao kila kinachokujia kitapiga hodi kwanza. Sisi huku tutakuwa tunachungulia mlangoni.

Talha, kwa niaba ya wafanyakazi wenzako