Mujapani Mwenye Jina Yangu

Séverin: Allô? Ni nani?

Aristide: Usijifanye haunijue! Ni miye, Aristide.

Séverin: Ah, bwana-arusi! Habari ya ng'ambo? Sema na nguvu, groupe ya umeme inapiga kelele.

Aristide: Bantu banavuka mutoni na pirogue kutoka kwenu Lubunga, banafika huku banacheka. Eti mu filme unatafsiria bantu mu salle yako kuna Mujapani musaliti, na—

Séverin: Ile ya samurai anafungwa ku kisiwa juu ya uongo ya rafiki yake? Filme ya kali!

Aristide: —na ule rafiki umemupatia jina yangu!

Séverin: Mon vieux, majina ya Kijapani inashinda bantu. Nikitafsiri, napatiaka kila mutu jina ya hapa.

Aristide: Na muchumba wa samurai ni Nadège?

Séverin: Si jina ya muzuri?

Aristide: Séverin, namuoa Jumamosi. Badilisha majina, nakuomba. Papa yake Kasongo akisikia—

Séverin: Samurai naye, basoda bamemukamata siku ya ndoa. Kama miye, siku ya ndoa yangu na Nadège.

[mutandao unakwaruza]

Aristide: Allô? ...Si balikuachilia? Sahau.

Séverin: Miye nilikuwa nakula jela, weye unakula fufu kwa mama-mukwe wangu. Hapana, sisahau! Lakini bon. Nimesimamisha picha. Aristide wa Kijapani iko ku magoti, upanga ku shingo, anasema maneno mingi. Na miye Kijapani sijue.

Aristide: Haujue? Na kila siku unatafsiri!

Séverin: Natungaka. Leo nimekosa. Anasema nini? Nipatie maneno yake, jina yako haitatoka tena mu kinywa yangu.

Aristide: Unaapa?

Séverin: Naapa.



Aristide: Bon... Anasema... niliambia basoda unaficha bunduki. Bunduki haikukuwa. Nilitaka Nadège, ni ile tu. Umefurahi?

Séverin: Sana. Sikia vile bantu bananyamaza.

Aristide: Bantu gani? Séverin, uko wapi?

Séverin: Mu salle. Simu iko ku micro tangu allô, bote bamesikia.

Papa Kasongo: Aristide.

Aristide: ...Papa Kasongo? Papa, ni filme tu, nilikuwa namusaidia—

Papa Kasongo: Nadège iko hapa pembeni yangu. Jumamosi, ubakie ng'ambo yako.

Aristide: Nadège! Nad— Séverin, nitakuua!

Séverin: Na nini? Upanga iko huku. Nakata, mon vieux, bantu banangojea filme.