Gauni la Akiba

Fundi cherehani alikuwa kiti cha nyuma cha basi, amepakata mfuko wenye gauni jeupe, aliposikia sauti ya mteja wake kwenye kiti kilicho mbele yake. Bibi harusi huyo alikuwa anapiga soga na mama asiyemjua.

“Harusi Jumamosi, na umetulia hivi?” mama alishangaa. “Wenzako saa hizi hata chakula hakipiti.”

“Nimejipanga, mama. Kila kitu nina cha akiba. Hata gauni! La kuvaa anashona fundi wa ghorofani. Yule wa chini nimempa la akiba.”

“Mwenyewe anajua?”

“Thubutu! Ana wivu huyo, angenivuruga.”

Wivu? Yeye? Amwonee wivu yule wa ghorofani, ambaye kutia zipu tu humtoa jasho? Fundi aliukumbatia mfuko, masikio yanamwaka moto. Shanga mia tatu alizitia kwa mkono, moja moja.

Basi likasimama. Bibi harusi akainuka, akachungulia daftari lake. “Saa tisa, kupima la akiba,” alisoma. Alipogeuka, macho yakagota kwenye futi iliyoning’inia shingoni mwa fundi wake.

“Twende, bibi harusi,” fundi alisema, akimpisha. “La akiba liko tayari.”